Jiwe Lililoondoka Ndani ya Taulo

Jiwe la mvua la ukoo wetu liliondoka kwetu kwa toroli la reli, limeviringishwa ndani ya taulo lililolowa, kwenye kikapu chenye maganda ya mayai na chupa tupu za bia. Nilitembea nyuma ya kikapu hicho njia nzima hadi relini bila kujua kilichomo. Aliyelichukua hakujificha. Alivua viatu kwanza, akainama, akapiga makofi, akaacha fedha. Mpaka leo nikikumbuka adabu yake ile, damu hunichemka kuliko ambavyo ingechemka kama angekuja na bunduki.

Mimi nilikuwa mkalimani wake. Nilisoma kwa wamisionari kule Mpwapwa, kisha nikajifunza Kijerumani kambini kwa wajenga reli, matusi kwanza, maneno mengine baadaye. Reli ilipofika Dodoma wajenzi waliendelea nayo kuelekea Tabora, mimi nikabaki natafuta kazi. Akanichukua Mjerumani mmoja mnene, mwenye ndevu nyekundu, mpole wa sauti, aliyefungua nyumba ya wageni karibu na stesheni. Zamani alikuwa baharia katika manowari za Kaisari huko mashariki ya mbali, na manowari yake iliwahi kutia nanga Japani. Huko alikula, alioga, akatembezwa, na tangu hapo hakuwa na mazungumzo mengine. Watu wa stesheni walimwita Bwana wa Japani. Jina hilo alilipenda.

Ukuta wa chumba chake cha kulia ulijaa kadi za picha: mlima wenye theluji, daraja jekundu, hekalu baada ya hekalu, watu waliozama hadi shingoni katika maji yanayofuka moshi. Aliwaeleza wageni wake kwamba kule msafiri huamka asubuhi, kiongozi humpeleka kwenye maji ya moto, akaoga, akapanda hekaluni, akaomba, na jioni akarudi na hirizi mfukoni.

"Mwili na roho vinasafishwa kwa siku moja," alikuwa akisema, "na chakula cha jioni unakikuta mezani."

Kisha mpagazi mmoja, kwa kutaka kumfurahisha, akamwambia kwamba kwetu yapo maji ya moto.

Maji yenyewe yanatoka chini ya kilima cha mawe, magharibi ya Dodoma, pale ardhi inapoanza kuwa na chumvi. Kwenye jicho la chemchemi yanaunguza. Kadiri yanavyoteremka yanapoa, na mwisho wake yanaacha ukoko mweupe. Wanawake huukwangua ukoko huo kwa vigae kwa ajili ya chumvi, na ng'ombe huulamba. Juu kidogo, ubavuni mwa kilima, kuna pango. Humo ndimo lilimokuwa jiwe letu, jeusi, laini, la ukubwa wa ngumi, limekaa ndani ya kibuyu kilichokatwa, limepakwa mafuta ya nyonyo. Kiangazi kikizidi mtemi alikuja na kondoo mweusi, na mbele ya jiwe hilo mvua iliombwa.

Mtunzaji wake alikuwa shangazi yangu. Aliolewa, hakuzaa, akarudishwa nyumbani, na nyumbani kaka zake walikuwa na wake zao na watoto wao na hapakuwa na nafasi. Wazee wakampa kazi ya kulinda jiwe. Pamoja na kazi wakampa tembe dogo chini ya kilima na shamba la uwele pembeni yake. Nyumba ilikuwa ya jiwe na shamba lilikuwa la jiwe. Alikaa pale kwa sababu jiwe lilikaa pale. Hilo lilijulikana na kila mtu, na yeye alilijua kuliko wote. Kila asubuhi, kabla ya kuwasha moto wake, alipanda kulipaka mafuta.

Bwana wa Japani alianza na mlango. Kule, alisema, mahali pa kuombea hutanguliwa na mlango mwekundu. Akapeleka mafundi wakasimamisha nguzo mbili nene karibu na chemchemi, wakalaza boriti juu yake, wakapaka zote rangi nyekundu iliyobaki kwenye kupaka mabehewa. Katika miaka ile hapakuwa na mtu Ugogo asiyejua nguzo mbili na boriti juu yake ni kitu gani. Wanawake waliokuwa wakikwangua chumvi waliacha vigae vyao pale pale. Wachungaji waligeuza ng'ombe.

Shangazi akaja kwa miguu hadi stesheni kunitafuta.

"Mbukwa, mwanangu."

"Mbukwa, shangazi."

"Wanataka kumnyonga nani?"

"Hakuna atakayenyongwa. Ule ni mlango."

"Mlango wa nyumba gani?"

"Hauna nyumba. Watu wa nchi moja ya mbali huweka mlango kama ule mahali pa kuombea."

"Na ukuta?"

"Hawaweki ukuta."

Akafikiri. "Mlango bila ukuta. Mbuzi wao hulala wapi?" Halafu uso wake ukabadilika. "Mwambie bwana wako auangushe. Watu hawaji tena kuchukua chumvi."

Nilimwambia. Alicheka hadi akafuta machozi. "Wamedhani ni mti wa kunyongea! Hiyo lazima niwasimulie wageni." Akawasimulia, jioni ile ile, na wao wakacheka, nami nilikuwa nimesimama pale na sinia la nyama. Mlango haukuanguka.

Wageni wa safari ya kwanza walikuwa wawili, mlowezi mwenye shamba la mkonge upande wa Morogoro na mkewe. Ilikuwa mwisho wa kiangazi, wakati vumbi la Dodoma linaingia hata ndani ya mayai. Tuliondoka alfajiri kwa toroli, vibarua wa reli wakisukuma, tukashuka porini baada ya kupita usawa wa Mkonze. Kutoka hapo bibi alibebwa kwa machela na wanaume wawili walipanda punda. Bwana wa Japani alitangulia na kijibendera alichokishona mwenyewe. Kule, alisema, kiongozi lazima aonekane.

Wote watatu walipita chini ya mlango mwekundu wakiwa wameinamisha vichwa. Kisha kiongozi wao akawatangazia sharti la kuoga: mtu haingii majini na uchafu, kwanza ajisugue kwa sabuni nje ya maji. Wakajisugua juu ya mwamba ulio kando ya chemchemi, wanaume upande mmoja, bibi nyuma ya shuka lililotandazwa. Sharti lile lilikuwa zuri kwa nchi yenye mabomba na mifereji. Kwetu sabuni yote iliteremka na maji hadi kwenye ukoko wa chumvi. Niliona povu likienda, nikamwambia. Akanijibu kwamba usafi haujawahi kumdhuru mtu. Chumvi ya msimu ule ilinuka sabuni, na ng'ombe waliisusa.

Wanawake wachache walikuwa wamesogea kutazama kutoka mbali na ule mlango. Wazungu walipozama hadi shingoni, nyuso zikaanza kuwa nyekundu.

"Wanachemshwa?" mmoja akauliza.

"Bado. Hawajaiva hawa."

"Yule mnene ameiva. Mtazame masikio."

"Mtoeni basi, asije akapondeka."

Wakacheka, na mimi nilicheka nao. Hiyo ndiyo mara ya mwisho niliyocheka siku ile.

Mayai yalichemshwa ndani ya chemchemi, kama kule. Wakala, wakanywa bia, maganda wakarudisha kikapuni kwa unadhifu. Halafu bibi akatia mguu kwenye jicho la maji, akaungua, akapiga yowe. Nikaitwa kumshikia mwavuli wakati mumewe anamfunga kitambaa. Kwa hiyo sikuwa pangoni Bwana wa Japani alipopanda. Yaliyotokea huko nimeyapata kwa shangazi, na sehemu nyingine kwa bwana mwenyewe, na maelezo yao hayapingani hata kidogo. Hilo ndilo linaloniudhi zaidi. Hakuna aliyesema uongo.

Shangazi alikuwa amekaa mlangoni mwa pango. Alimwona mzungu akija peke yake, akisimama, akikaa juu ya mwamba, akivua buti, kisha soksi. Katika maisha yake hajapata kuona mzungu akivua hata kofia kwa ajili ya kitu chetu. Akamwona akiingia kwa miguu mitupu, akiinama hadi mgongo ukalala, akipiga makofi mawili. Wanawake wa chini waliyasikia. "Anaita kuku," mmoja akasema, na wengine wakaangua kicheko.

Shangazi hakucheka. Aliona mtu anayeomba. Na kwetu mtu anayeomba mbele ya jiwe hatazamwi. Ombi lake ni lake na jiwe. Mtunzaji hugeuka, akatazama bonde, akakaa hivyo hadi mwombaji atoke. Shangazi akageuka. Alisikia kimya, akasikia kitu kigumu kikigonga kibuyu, kisha miguu. Bwana alitoka akitabasamu, ameshika mkononi taulo lake lililokunjwa. Akamwinamia. Shangazi, kwa kuwa hayo ndiyo maneno ya kumwambia mtu aliyetoka kuomba, akamwambia:

"Mungu akusikie."

Asubuhi iliyofuata alipanda na mafuta yake. Ndani ya kibuyu palikuwa na rupia moja, kichwa cha Kaisari kimezama ndani ya mafuta ya nyonyo.

Alifika stesheni jua likiwa juu, midomo imekauka, hakuomba hata maji. Nilikwenda moja kwa moja chumba cha kulia. Bwana wa Japani alikuwa anakunywa kahawa.

"Bwana, jiwe la pangoni liko wapi?"

"Hirizi? Nimempa bibi. Mguu ulimuuma sana, maskini, nikataka arudi na kumbukumbu nzuri. Wamepanda treni ya asubuhi. Wanakwenda kupanda meli, wanarudi kwao."

"Si hirizi. Ni jiwe la mvua, na ni hilo hilo moja."

"Lakini niliacha rupia nzima." Alishangaa kweli, nyusi zilimpanda. "Kule Japani unaacha sarafu, unachukua hirizi, na mlinzi wa hekalu anageuza uso ili usione haya kwa ulichotoa. Yule mama aligeuka vilevile. Mwanamke mwenye adabu sana."

Japani sijafika. Huenda hata Wajapani wenyewe wangeduwaa kusikia hayo.

"Aligeuka kwa sababu ulikuwa unaomba," nikasema.

"Niliomba kweli. Niliomba biashara hii ya maji ifanikiwe."

Nikamwambia kuna simu ya waya pale stesheni, apeleke habari pwani kabla meli haijang'oa nanga, jiwe lirudi kwa treni inayofuata. Akaweka kikombe chini. Sauti yake haikupanda, haikuwahi kupanda. Alisema hawezi kumsumbua mwanamke mgonjwa kwa ajili ya kokoto, na mtu aliyelipa harudi nyuma kudai. Kisha akatazama ukutani, akachagua kadi moja yenye watu wanaooga, akaibandua.

"Mpe yule mama. Mwambie ni zawadi kutoka kwa mwenzake wa dini."

Nilikwenda kwa mzungu mwingine, mwenye cheo, ambaye mashauri yalipelekwa kwake. Aliniuliza swali moja tu: fedha iliachwa? Nikasema iliachwa, lakini haikuombwa. Akasema basi kimeuzwa, akamwita anayefuata.

Kadi nilimpa shangazi kwa sababu sikujua niifanye nini. Aliishika kwa ncha za vidole, akaitazama kwa muda, moshi ule na vichwa vile vilivyoelea.

"Na hawa," akauliza, "waliibiwa nini?"

Kazi ya ukalimani niliiacha siku hiyo.

Nilidhani hasira yangu imekwisha kupata mahali pake, juu ya meza ile ya kahawa. Kumbe nusu yake ilikuwa inanisubiri nyumbani. Wazee walikaa kwa mtemi kulizungumza jambo hilo. Shangazi akawekwa chini katikati, na mimi nikaruhusiwa kukaa kando kwa kuwa nilikuwa mtoto wa kaka yake. Msemaji wa wazee alikuwa mtu mrefu mwenye kikohozi, aliyewahi kunibeba mgongoni nikiwa mdogo.

"Uligeuka kwa nini?" akamwuliza.

"Mtu akiomba hatazamwi. Ninyi ndio mlionikalisha pale mkanifundisha hivyo."

"Yule hakuwa wa kwetu."

"Mlisema mtu. Hamkusema mtu isipokuwa mwenye ndevu nyekundu."

Baadhi wakacheka chinichini. Msemaji akakohoa hadi wakanyamaza.

"Fedha imo ndani ya kibuyu," akasema. "Kitu kilichoachiwa fedha kimeuzwa."

Niliruka nikasimama. Maneno yale yale! Nilikuwa nimeyasikia kwa Kijerumani, juu ya meza yenye kitambaa cha kijani, na sasa nayasikia tena kwa Kigogo kutoka kwa mzee aliyekaa juu ya ngozi ya ng'ombe. Nikaambiwa nikae. Nikakaa.

"Basi kama niliuza," shangazi akasema, "aliyenunua si yupo? Nyumba yake inaonekana kutoka kila mahali, ina mabati. Mbona hamkumwita? Mko wanaume wangapi hapa?"

Akawatazama mmoja mmoja.

"Mmeshindwa kumwita yeye, mmeniita mimi."

Msemaji alichora mchangani kwa fimbo yake. Hatimaye akasema kwa sauti ya chini, na naamini alisema kweli tupu:

"Wewe uko karibu."

Mtemi ndiye aliyekata shauri. Alisema hakuna wa kumhukumu mtunzaji wa mvua isipokuwa mvua. Msimu umekaribia. Mvua ikinyesha katika nchi ya jiwe, maana yake wazee walio chini ya ardhi hawakukasirika, na mama huyu atakaa. Ikikataa, ataondoka. Aende wapi, hilo halikutajwa. Kaka zake walikuwepo. Walitazama miguu yao.

Shangazi akaenda kufunga mizigo. Nilimkuta akifunga jiwe lake la kusagia kwa kamba za ngozi, vyungu viwili, ngozi ya kulalia, na mbegu za uwele kwenye mfuko. Nikamwambia asubiri, hata mawingu bado hayajakusanyika.

"Sitaki waje wanikute nafunga," akasema. "Wakinifukuza nataka nisimame tu."

Mawingu yakaja wakati wake. Sisi wa nyanda hizi tunajua tabia ya mvua yetu: inaweza kunyesha kwa jirani ukasikia harufu yake na usipate tone. Lakini katika umri wangu wote sijaiona ikifanya kama ilivyofanya siku ile. Ilishuka nyuma ya kilima, nzito, ikapanda juu, ikalowesha mlango wa pango. Ikaja hadi kwenye mlango mwekundu, rangi ya mabehewa ikang'aa. Ikaingia katika shamba la shangazi, ikafika katikati, ikakoma. Asubuhi nilisimama pale nikaona kwa macho yangu mahali ilipokomea. Mguu mmoja ulikuwa kwenye tope na mwingine kwenye vumbi. Ng'ambo ya pale, kwenye mashamba ya wazee, kulikuwa kukavu kabisa.

Walikuja wote. Walitembea kando ya ule mstari, wakainama, wakachimba kwa fimbo kupima maji yameingia kiasi gani.

"Imenyesha," mmoja akasema. "Pango limelowa."

"Imenyesha wapi? Kwangu unaona nini?"

"Shauri lilikuwa nchi ya jiwe, si kwako."

"Na kwangu si nchi ya jiwe? Tangu lini?"

Wakabishana hadi jua likawachoma, wakaenda zao. Hakuna aliyemgeukia shangazi, aliyekuwa amesimama mlangoni mwa tembe lake kama alivyosema atasimama. Hawakumwambia kaa, hawakumwambia ondoka. Mvua zilizofuata zilikuja vipande vipande kama kawaida ya kwetu, na kila kipande kilikuwa na wa kukisema hivi na wa kukisema vile.

Alipanda nusu ya shamba iliyolowa. Mbegu za nusu ya pili zilibaki mfukoni, na mfuko ulibaki ndani ya mzigo. Nilipopita kumsalimu nilimkuta anasaga kwa jiwe la kuazima.

"Lako liko wapi?"

"Limefungwa."

Chini ya kilima wageni wapya walikuwa wanajisugua sabuni. Nilimwona Bwana wa Japani na kijibendera chake. Aliniona pia, akanipungia mkono kama mtu anayempungia rafiki.

Shangazi alifuta unga mikononi. Alikuwa na neno la kuniuliza, na alikuwa amekaa nalo muda mrefu, niliona.

"Kazi yangu ni kupanda kila asubuhi nikapake mafuta," alisema. "Hawajaniambia niache. Nikiacha, watasema nimetupa kazi, niondoke. Lakini kilichomo ndani ya kibuyu ni kile kichwa cha kwenye rupia. Ninapaka mafuta kichwa cha yule mwenye masharubu kila siku ya Mungu. Waulize wazee, mwanangu. Niendelee, au niache?"

Nilikwenda siku ile ile. Nilimkuta msemaji amekaa na wenzake watatu, nikawaamkia, nikalitoa swali kama lilivyo, bila kuongeza neno. Msemaji akakohoa, akasema ni swali kubwa, watakaa walizungumze, watanijibu.

Hawajanijibu.